Muhammed Said Abdulla na Mpelelezi wa Unguja

Hadithi ya upelelezi, yaani ile inayoanza na jinai ambayo mtendaji wake hajulikani na kumwongoza msomaji hatua kwa hatua mpaka siri ifichuke, haikusubiri televisheni ndipo iwafikie watu wa Unguja. Ilikwisha kutoka zamani katika meza ya mhariri wa magazeti, Muhammed Said Abdulla, aliyezaliwa Makunduchi mwaka 1918, akamaliza masomo mwaka 1938 na kuajiriwa kuwa mkaguzi katika idara ya afya kwa muda wa miaka kama kumi. Kazi hiyo haifai kupitwa kwa haraka, kwa kuwa mkaguzi wa afya huingia majumbani mwa watu, akatazama kisima, choo na jaa, na akazoea kuyapima maneno ya mwenye nyumba kwa yale anayoyaona kwa macho yake.

Mwaka 1948 Abdulla alishika uhariri wa gazeti la Zanzibari, na katika miaka kumi iliyofuata akawa mhariri msaidizi wa Al Falaq, Al Mahda na Afrika Kwetu. Al Falaq lilikuwa sauti ya Jumuiya ya Waarabu, na Afrika Kwetu lilisemea upande wa Waafrika. Kwa hiyo mtu aliyezihariri kurasa za pande zote mbili, wakati siasa za visiwani zikizidi kuwatenganisha majirani, bila shaka aliijua jamii yake kwa undani ambao wanasiasa wengi hawakuwa nao. Mwaka 1958 alihamia Mkulima, jarida la kilimo, akalihariri hadi alipostaafu mwaka 1968.

Wakati huohuo aliibuka mshindi wa kwanza katika mashindano ya uandishi ya mwaka 1957–58 yaliyoendeshwa na East African Literature Bureau, shirika la uchapishaji lililoanzishwa na wakoloni, na riwaya yake Mzimu wa Watu wa Kale ikachapishwa mwaka 1960. Mpelelezi wa riwaya hiyo, Bwana Msa, mvuta kiko mwenye rafiki asiyebanduka ubavuni, Najum, ana deni la wazi kwa Sherlock Holmes wa Arthur Conan Doyle. Hata hivyo kilichoazimwa ni umbo tu, kwani maiti inakutwa mzimuni, mahali panapoaminiwa kuwa makao ya roho za wahenga, na swali zito la kitabu ni iwapo watu wataridhika kumtwika mzimu dhambi ya binadamu. Kisima cha Giningi (1968) nacho kinarejea imani ya namna hiyo, maana Giningi katika masimulizi ya Unguja ni makutano ya wachawi.

Inafaa kuzingatiwa kwamba polisi, anayewakilishwa na Inspekta Seif, ana mamlaka ya sheria lakini si yeye mwenye ufunguo, tofauti na Simu ya Kifo (1965) ya Faraji Katalambulla wa Tanganyika, ambamo askari Inspekta Wingo ndiye mhusika mkuu. Bwana Msa hana cheo wala pingu. Anasikiliza, anauliza, anahakiki, kama afanyavyo mhariri aliyeletewa habari asiyoiamini. Kuanzia Duniani Kuna Watu (1973) hadi Mwana wa Yungi Hulewa (1976) siri za ndoa na nasaba zilizofichwa zinazidi kutawala, na mfululizo huo ukafikia Kosa la Bwana Msa mwaka 1984, miaka saba kabla ya mwandishi kufariki.