Kutoka Worms hadi Haifa: Njia Ziliyopita Lugha Tatu

Mji wa Worms uko kando ya mto Rhine, kusini-magharibi mwa Ujerumani. Kwa karne nyingi Wayahudi wa hapo walisali sikukuu zao kwa kitabu kikubwa kilichoandikwa kwa mkono mwaka 1272. Kitabu hicho kilinusurika sinagogi yao ilipochomwa moto Novemba 1938, na leo kimo katika Maktaba ya Taifa ya Israeli, mjini Jerusalem. Sala zake ni za Kiebrania. Lakini katika ukurasa mmoja, ndani ya uwazi wa herufi kubwa za neno moja, mwandishi alipenyeza sentensi fupi ya kumtakia heri yeyote atakayekibeba kitabu hadi sinagogini. Hiyo ndiyo sentensi ya Kiyidishi, lugha ya Wayahudi hao, yenye tarehe iliyo ya kale kuliko zote tulizonazo.

Ukiichunguza sentensi hiyo, utaona maneno ya kutakia heri na ya kubeba ni ya Kijerumani. Majina ya kitabu cha sala na nyumba ya sala ni ya Kiebrania. Herufi zote ni za Kiebrania. Uhusiano wa Kiyidishi, Kijerumani na Kiebrania ulikwisha kuwekwa wazi hapo, miaka zaidi ya 750 iliyopita.

Wayahudi wa bonde la Rhine walikuwa na vituo vitatu vikuu vya elimu: Speyer, Worms na Mainz. Wengi wa wazee wao walitoka upande wa Ufaransa na Italia, na kumbukumbu ya safari hiyo ingali hai katika Kiyidishi: kitenzi bentshn, kubariki, asili yake ni Kilatini. Nchi ya Ujerumani waliiita Ashkenaz, na ndiyo maana kizazi chao kinaitwa Waashkenazi hadi leo. Sokoni na majumbani walisema lahaja za Kijerumani za majirani zao. Sala, sheria na elimu zilibaki katika Kiebrania na Kiaramu.

Kwa hiyo Kiyidishi si mtoto wa Kijerumani cha leo. Vyote viwili vilichipuka kutoka lahaja za zama za kati, vikakua kila kimoja kivyake. Kiebrania hakina undugu wa kuzaliwa na Kijerumani hata kidogo. Ni lugha ya Kisemiti, ndugu wa Kiarabu na Kiamhari. Msomaji wa Kiswahili ana njia ya karibu ya kulielewa jambo hili. Sita, saba na tisa tumezipata kwa Waarabu, na kwa Kiebrania ni shesh, sheva, tesha. Hata hivyo ngeli na mnyambuliko wa vitenzi vyetu vimebaki vya Kibantu, ingawa tenzi zetu za kale ziliandikwa kwa herufi za Kiarabu. Kiyidishi nacho kimesimama juu ya sarufi ya Kigermaniki, na hesabu yake ni ya huko huko: zeks, zibn, nayn.

Lakini maneno ya Kiebrania hayakukaa humo kama wageni. Ganef, mwizi, ni neno la Kiebrania. Lilivishwa mwisho wa kitenzi cha Kijerumani likazaa ganvenen, kuiba. Upande wa pili, neno doktor lilipewa wingi wa Kiebrania, likawa doktoyrim. Kitabu cha kawaida ni bukh, kitabu cha dini ni seyfer. Hata tahajia ililinda tofauti hiyo: maneno ya Kijerumani yaliandikwa jinsi yanavyosikika, ya Kiebrania yakabaki na maandishi yake ya asili.

Kisha njia ikageuka mashariki. Mwaka 1096 wapiganaji wa Vita vya Msalaba waliwachinja Wayahudi wa miji ya Rhine. Tauni ilipoingia Ulaya katika karne ya 14, Wayahudi walisingiziwa kuwa wametia sumu visimani. Februari 1349 mamia walichomwa moto Strasbourg. Huko Poland, mfalme Kazimierz alikuwa amethibitisha haki zao mwaka 1334. Waliohamia huko walikwenda na lugha yao, nayo ikaota mizizi mipya katikati ya lugha za Kislavi. Babu akaitwa zeyde, neno la Kislavi. Mbali na Ujerumani, Kiyidishi kikawa lugha kamili ya mamilioni.

Wavulana walifundishwa Kiebrania. Wanawake wengi walisoma dini yao kwa Kiyidishi. Glikl wa Hameln, mjane na mfanyabiashara, alianza mwaka 1691 kuwaandikia watoto wake habari za maisha yake kwa lugha hiyo. Wasomi wa baadaye hawakuipa lugha hiyo heshima. Moses Mendelssohn, aliyetafsiri Torati kwa Kijerumani sanifu katika miaka ya 1780, alikiona Kiyidishi kuwa Kijerumani kilichoharibika, na wengi baada yake wakakiita jargoni. Hata hivyo mwaka 1864 Mendele Moykher Sforim, aliyekuwa akiandika Kiebrania, alianza kuandika hadithi kwa lugha ya watu wake. Mwaka 1908 waandishi walikutana Czernowitz, mji ambao leo uko Ukraine. Baada ya mabishano makali walitangaza Kiyidishi kuwa moja ya lugha za taifa la Wayahudi, si lugha pekee, maana watetezi wa Kiebrania hawakukubali.

Hao nao walikuwa na kazi yao. Eliezer Ben-Yehuda, aliyezaliwa katika himaya ya Urusi, alifika Jerusalem mwaka 1881 akamlea mwanawe kwa Kiebrania peke yake. Mwaka 1913 shirika la Wayahudi wa Ujerumani lilitaka sayansi ifundishwe kwa Kijerumani katika chuo cha ufundi kilichokuwa kikijengwa Haifa. Walimu na wanafunzi waligoma, na mwaka uliofuata Kiebrania kikashinda. Wengi wa washindi hao walikuwa wamelelewa kwa Kiyidishi, nacho kimeacha alama katika Kiebrania cha leo: mtu msumbufu ni nudnik, na mkazi wa kibbutz, kijiji cha ushirika, ni kibbutznik.

Kabla ya Vita Kuu ya Pili, wasemaji wa Kiyidishi walikuwa kiasi cha milioni 11. Wanazi waliwaua Wayahudi milioni 6, wengi wao watu wa lugha hiyo. Usiku wa tarehe 12 Agosti 1952, serikali ya Stalin iliwaua Moscow waandishi mashuhuri wa Kiyidishi, wakiwemo Peretz Markish na Dovid Bergelson. Mwandishi wa Kiyidishi Isaac Bashevis Singer alipopewa Tuzo ya Nobel mwaka 1978, wengi walidhani anaipokea kwa niaba ya lugha ya marehemu.

Lugha hiyo haikufa. Watoto wa Wahasidi, kundi la Wayahudi washika dini, huko Brooklyn, Antwerp na Jerusalem wanacheza na kugombana kwa Kiyidishi, na wanasali kwa Kiebrania. Wajerumani nao wanamwita mhalifu Ganove na balaa Schlamassel, maneno waliyoyapata kwa Wayahudi. Anayekiita Kiyidishi Kijerumani kilichovunjika anawanyang'anya wenyewe kazi waliyoifanya kwa karne nyingi. Kuchanganya hakukuwa udhaifu wao. Walichukua lugha ya majirani na lugha ya sala zao, wakajijengea lugha iliyotosha kwa biashara, mapenzi, elimu na ibada. Inastahili kusomwa kwa jina lake lenyewe.