Mashamba ya Rumonge na Marejeo ya Wakimbizi wa 1972

Warundi waliokimbia mauaji ya mwaka 1972 na kupewa makazi ya Ulyankulu, Katumba na Mishamo, magharibi mwa Tanzania, walipoanza kurejea kwa wingi mwaka 2008, waliyakuta mashamba yao ya Rumonge na Nyanza-Lac, kando ya Ziwa Tanganyika, yakiwa mikononi mwa wengine, ambao baadhi yao waligawiwa na serikali yenyewe na kupanda michikichi, miti ambayo ngazi zake huchemshwa, zikapondwa na kukamuliwa mawese. Sheria ya ardhi ya Burundi ya mwaka 1986 ilimtambua kuwa mmiliki mtu aliyekalia shamba kwa miaka 30, ilhali Mkataba wa amani wa Arusha wa mwaka 2000 ulimwahidi mkimbizi kurudishiwa mali yake au kulipwa fidia, na ahadi hizo mbili hazikuweza kutimizwa juu ya shamba lilelile. Tume ya ardhi iliyoundwa mwaka 2006 mara nyingi ilisuluhisha kwa kuligawa shamba baina ya pande mbili, njia iliyopunguza ugomvi lakini ambayo, kwa hakika, haikumtendea haki aliyenyang'anywa. Mzigo mwingine, usiozungumzwa ipasavyo, uliwaangukia watoto waliozaliwa Tanzania na kusomeshwa kwa Kiswahili, kwani walilazimika kuanza upya masomo kwa Kirundi na Kifaransa.