Mwenye Kalamu na Mwenye Hadithi: Safari ya Sofia Samatar, Ikitazamwa Kutoka Bweyeye

Bweyeye iko kusini-magharibi kabisa mwa Rwanda, katika wilaya ya Rusizi, eneo ambalo wengi bado wanaliita Cyangugu. Imekumbatiwa na msitu wa Nyungwe, ulioingizwa na UNESCO katika orodha ya urithi wa dunia mwaka 2023. Ng'ambo ya mpaka ni Burundi, na msitu unaendelea huko kwa jina la Kibira. Barabara ya kutoka Pindura hukata msituni kabla ya kufika penye nyumba na mashamba.

Katika nchi ya milima na misitu kama hii, hadithi za ajabu hazijawahi kuhitaji wa kuzitetea. Bakame, sungura mjanja, amemhadaa Bihehe fisi vizazi na vizazi. Ngunda mlafi amekula na kumaliza ghala za watu. Ryangombe, bwana wa mizimu, ameuawa na nyati na bado anaitwa. Wote hao walikaa vichwani mwa watu kabla ya kukaa katika vitabu. Walipoanza kuandikwa, palizuka suala ambalo makala hii inalifuata hadi mbali: hadithi ikishaandikwa, ni ya nani? Ni ya aliyeisimulia au ni ya aliyeshika kalamu?

Nchini Rwanda suala hilo lina historia ndefu. Padri Alexis Kagame (1912–1981) aliwasikiliza washairi wa kasri la mfalme na kuyaweka kwenye karatasi mashairi ya nasaba ya kifalme, yaliyokuwa yamehifadhiwa kwa kumbukumbu tupu. Mwishoni mwa miaka ya 1950, Jan Vansina, mwanahistoria Mbelgiji, aliongoza kituo cha utafiti cha Astrida, mji tunaouita leo Huye, na kukusanya pamoja na wasaidizi wake masimulizi mengi ya kale. Mwaka 1961 alitoa kitabu kilichowashawishi wanahistoria wa dunia kwamba neno la mdomo ni ushahidi, mradi lichunguzwe kwa utaratibu. Wakati huo alikwisha kupata kazi katika Chuo Kikuu cha Wisconsin, mjini Madison, Marekani.

Miongo mitano baadaye, chuo hichohicho kilimtunuku shahada ya uzamivu mwanamke ambaye suala la kalamu na sauti lilikuwa limemfanya mwandishi wa riwaya. Jina lake ni Sofia Samatar.

Watoto wa nyumba mbili

Waandishi wenye wazazi wa mataifa mawili si jambo geni katika ukanda wetu. Gaël Faye, aliyezaliwa Bujumbura kwa baba Mfaransa na mama Mnyarwanda, alipata tuzo ya Goncourt ya wanafunzi wa sekondari mwaka 2016 kwa riwaya yake *Petit Pays*, na ya Renaudot mwaka 2024 kwa *Jacaranda*. Faye huandika mambo yaliyotokea, katika mitaa yenye majina halisi. Samatar alishika njia nyingine: aliunda nchi zisizokuwapo, akazipa lugha, dini na vita vyake.

Alizaliwa mwaka 1971 katika jimbo la Indiana, Marekani. Baba yake, Said Sheikh Samatar (1943–2015), alikuwa Msomali kutoka jamii ya wafugaji wa Ogaden. Mama yake, Lydia Glick, alikuwa Mmarekani wa North Dakota, wa kanisa la Wamennonite, ambao asili yao ni Uswisi na Ujerumani. Wasomaji wa Tanzania wanalifahamu kanisa hilo, kwani lilianza kazi Shirati, mkoa wa Mara, mwaka 1934. Nchini Somalia misheni yake ilianza mwaka 1953 na kufungwa mwaka 1976. Sehemu kubwa ya kazi yake ilikuwa shule na afya, na Lydia alikuwa mwalimu huko. Ndipo wawili hao walipokutana.

Said alikuja kuwa profesa wa historia katika Chuo Kikuu cha Rutgers, Newark. Kitabu chake cha mwaka 1982 kinamhusu Sayyid Muhammad Abdille Hassan, aliyepigana na Waingereza na washirika wao kuanzia mwaka 1899 hadi alipofariki mwaka 1920. Said alionyesha kwamba silaha kubwa ya Sayyid, mbali na bunduki, ilikuwa mashairi. Yalitungwa kwa mdomo, yakakaririwa na wapokezi, yakavuka jangwa kutoka kambi hadi kambi bila karatasi. Kisomali chenyewe kilipata maandishi rasmi mwaka 1972, Sofia akiwa mtoto mchanga.

Kwa hiyo alikulia kati ya urithi wa aina mbili. Kwa baba, heshima ya neno ilikuwa katika ulimi na kumbukumbu. Kwa mama, ilikuwa katika Kitabu, kinachosomwa na kufafanuliwa. Riwaya zake zote zimezaliwa kati ya hizo mbili.

Kutoka Yambio hadi Olondria

Baada ya kusoma Kiingereza katika Chuo cha Goshen, Indiana, na kisha lugha na fasihi za Afrika huko Wisconsin, Samatar alifundisha Kiingereza miaka mitatu Yambio, Sudan Kusini, na miaka tisa nchini Misri. Yambio ni mji wa Wazande, karibu na mpaka wa Kongo, na alifika huko wakati wa vita vya wenyewe kwa wenyewe. Huko ndiko alikoandika rasimu ya kwanza ya *A Stranger in Olondria*. Riwaya ilisubiri zaidi ya miaka kumi, ikirekebishwa tena na tena, hadi ilipochapishwa mwaka 2013 na Small Beer Press, shirika dogo la Massachusetts. Mwaka huohuo alimaliza shahada ya uzamivu, akiwa amejikita katika fasihi ya Kiarabu na kazi za Msudani Tayeb Salih.

Kisa cha riwaya ni hiki. Jevick ni mwana wa mfanyabiashara wa pilipili katika visiwa ambavyo watu wake hawaandiki. Baba yake anamletea mwalimu kutoka Olondria, nchi ya vitabu, na kijana anazama katika kusoma. Baba anapofariki, Jevick anasafiri kwenda kuuza pilipili katika nchi aliyoiota. Huko anaandamwa na mzuka wa Jissavet, msichana wa visiwa vyake mwenyewe, wa tabaka linalodharauliwa, aliyefia ugenini kwa maradhi. Jissavet hakujua kusoma, na anachodai ni kimoja tu: Jevick amwandikie kitabu cha maisha yake. Kijana anakwepa, anateseka, mwishowe anakubali. Anakaa na kuandika anayoambiwa, kwa lugha ya visiwani ambayo haijawahi kuandikwa, akitumia herufi za wageni.

Msomaji anayekumbuka mwaka 1972 wa Kisomali, au Padri Kagame mbele ya washairi wa kasri, ataona kwamba Olondria haiko mbali na kwetu. Samatar hamfanyi Jevick kuwa mkombozi wa msichana. Mzuka ndiye mwenye amri, naye mwenye kalamu ni mtumishi wake.

Mwaka wa tuzo

Mwaka 2014 riwaya hiyo ilizoa tuzo ya Crawford, tuzo ya Uingereza ya riwaya bora ya fantasia, na Tuzo ya Dunia ya Fantasia. Samatar mwenyewe alipewa tuzo ya John W. Campbell ya mwandishi mpya bora. Hadithi yake fupi "Selkie Stories Are for Losers", iliyotoka mwaka 2013, iliingia katika orodha za mwisho za tuzo za Hugo na Nebula.

Ushindi huo ulikuja na doa. Tangu mwaka 1975 mshindi wa Tuzo ya Dunia ya Fantasia alipewa sanamu ya kichwa cha H. P. Lovecraft, mwandishi Mmarekani wa hadithi za kutisha ambaye ubaguzi wake dhidi ya watu weusi umo katika barua na tungo zake. Nnedi Okorafor, Mmarekani mwenye asili ya Nigeria, alipata tuzo hiyo mwaka 2011 na kueleza hadharani jinsi ilivyomkera. Mwandishi Daniel José Older alianzisha ombi la kuiondoa. Samatar aliposimama kupokea, aliligusa suala hilo jukwaani, mbele ya waliompa tuzo. Mwaka 2015 waandaaji walitangaza kwamba sanamu hiyo haitatumika tena. Mwaka 2019 tuzo ya Campbell nayo ilibadilishwa jina, baada ya mshindi wa mwaka huo, Jeannette Ng, kumshutumu jukwaani Campbell, mhariri ambaye tuzo iliitwa kwa jina lake. Tuzo mbili alizozipata Samatar mwaka mmoja hazina tena sura zilizokuwa nazo siku alipozipokea.

Mazimwi na karani wa Mombasa

Hadithi yake iliyo karibu zaidi na msomaji wa Kiswahili ni "Ogres of East Africa", ya mwaka 2014, iliyoingia baadaye katika mkusanyo wake *Tender* (2017). Ni mwaka 1907, zama za wawindaji wa kizungu. Alibhai, karani kutoka Mombasa, ameagizwa na bwana wake kutayarisha orodha ya mazimwi wa Afrika Mashariki ili bwana huyo aende kuwawinda. Anayemtajia mazimwi hao ni mwanamke aitwaye Mary. Orodha inafuata alfabeti kama daftari la bohari. Wa kwanza ni Apul Apul, zimwi la ukanda wa Maziwa Makuu, na baadaye anatokea Dhegdheer wa Wasomali. Pembeni mwa kurasa karani anaanza kuandika mambo yasiyomhusu bwana wake, na polepole utii wake unahama kutoka kwa anayemlipa kwenda kwa anayemsimulia.

Hapa tena kuna watu wawili: anayejua na anayeandika. Lakini safari hii yupo wa tatu, mwenye kulipia daftari. Wanaojua jinsi elimu ya kikoloni ilivyokusanywa Afrika Mashariki, kwa mikono ya makarani na wakalimani ambao majina yao hayakuchapishwa, hawahitaji maelezo zaidi.

Kazi zilizofuata zilipanua suala hilohilo. *The Winged Histories* (2016) inarudi Olondria na kusimulia vita kupitia wanawake wanne. *Monster Portraits* (2018) aliitunga pamoja na ndugu yake, mchoraji Del Samatar. *The White Mosque* (2022) si riwaya: ni safari yake nchini Uzbekistan kufuata nyayo za Wamennonite wa Urusi, ambao katika miaka ya 1880 walimfuata Claas Epp hadi Khiva, nchi ya Waislamu, wakingoja Kristo arudi. Binti wa Msomali Mwislamu na Mmennonite aliona katika kisa hicho picha ya nyumba aliyozaliwa. Kitabu hicho kilifika orodha ya mwisho ya tuzo ya PEN/Jean Stein. Mwaka 2024 alitoa *The Practice, the Horizon, and the Chain*, kisa cha mvulana aliyezaliwa amefungwa mnyororo katika sehemu ya chini ya chombo cha angani na kupandishwa juu kusoma chuoni. Samatar ni mwalimu katika Chuo Kikuu cha James Madison, Virginia.

Si mgeni kwetu

Wako wanaodhani kwamba fantasia na bunilizi ya kisayansi ni mali ya Wazungu. Kiswahili kinawakanusha. Shaaban Robert aliijenga nchi ya Kusadikika ikielea angani mwaka 1951. Kezilahabi aliandika *Nagona* (1990) na *Mzingile* (1991), na Katama Mkangi akaandika *Walenisi* (1995). Rwanda yenyewe imekuwa uwanja wa filamu *Neptune Frost* (2021) ya Saul Williams na Anisia Uzeyman, mzaliwa wa Rwanda, inayowachanganya wachimba madini na wadukuzi wa kompyuta. Samatar ni jamaa wa ukoo huo anayeandika kwa Kiingereza.

Tangu mwaka 2017 Kiswahili ni lugha rasmi ya Rwanda, na sokoni Kamembe, mjini Rusizi, kilikuwa kikizungumzwa zamani sana. Basi wahariri wa Kiswahili waifikirie hadithi ya karani Alibhai, kwa maana mji wake na mazimwi wake ni wetu. Na walimu wa Bweyeye na Rusizi wanaowatuma wanafunzi kwa bibi na babu kukusanya hadithi wawaagize jambo moja la ziada: juu ya kila ukurasa liandikwe jina la aliyesimulia, kisha ndipo lifuate la aliyeandika.