Masisi: Nani Alikuwa Hapa Mwaka 1885?

Tarehe 29 Juni 1981, utawala wa Mobutu huko Zaire, Kongo ya leo, ulitoa sheria ya uraia iliyomtaka mtu athibitishe kwamba kabila la mababu zake lilikuwa ndani ya mipaka ya nchi tarehe 1 Agosti 1885. Kwa watu wa Masisi, eneo la milima huko Kivu, mashariki mwa nchi, hilo lilikuwa sharti lisilotimizika. Mzungu wa kwanza kuliona Ziwa Kivu, Mjerumani Gustav Adolf von Götzen, alifika mwaka 1894. Mpaka wa Kongo na Rwanda haukukubaliwa hadi Wabelgiji, Wajerumani na Waingereza walipokutana Brussels mwaka 1910. Raia wa Zaire alikuwa anadaiwa ushahidi wa wakati ambao hakuna karani aliyekuwa amefika, juu ya mpaka ambao haukuwa umechorwa.

Swali la asili lina uzito hasa katika milima inayozunguka Rubaya, ndani ya Masisi. Dunia inaufahamu mji huo kwa koltani, na kwa kuwa waasi wa M23 waliuteka mwaka 2024. Lakini ugomvi wa nani mwenye mlima ni wa zamani kuliko machimbo.

Wahunde ndio wanaotambuliwa kuwa wenyeji wa Masisi, na bami, yaani machifu wao, ndio walinzi wa ardhi: aliyetaka shamba alipeleka mutulo, yaani ushuru wa ardhi, kwa mwami, naye akawa mtu wake. Masimulizi yao, kama ya jirani zao Wanyanga wa Walikale, yanaitaja Bunyoro, ng'ambo ya mashariki, kuwa ndiko walikotoka wazee. Kihunde ni ndugu wa Kihavu na Kishi, lugha za pwani ya Ziwa Kivu. Wanyanga waliteremka zaidi magharibi hadi msituni, lakini imani zao hazikuiacha milima ya moto. Utenzi wa Mwindo, ambao Daniel Biebuyck aliunakili mwaka 1956 kutoka kwa msimulizi Candi Rureke na kuuchapisha 1969 pamoja na Kahombo Mateene, unampeleka shujaa chini ya ardhi kwa Muisa, na katika imani za Wanyanga Nyamurairi ndiye mungu wa moto. Watu waishio chini ya miti mirefu wamehifadhi kumbukumbu ya volkano. Kwangu mimi huo ni ushahidi wa safari wenye nguvu kuliko hati yoyote ya serikali.

Na wote hao walikuta watu. Watwa walikuwa wakiwinda katika misitu hiyo kabla ya mwami yeyote, na miongoni mwa Wanyanga walikuwa na nafasi yao katika kutawazwa kwa chifu. Ajabu ni kwamba katika mabishano yote ya nani alitangulia, hao waliotangulia kuliko wote hawaitwi kutoa neno.

Wazungumzaji wa Kinyarwanda nao hawana historia moja. Kule Bwisha, upande wa Rutshuru, walikuwapo kabla ya ukoloni. Mpaka uliwakata tu. Masisi ni habari tofauti. Mwaka 1937 Wabelgiji walianzisha mpango wa kuwahamisha Wanyarwanda, nao ukaendelea hadi 1955. Rwanda ilikuwa imesongamana na njaa zilikuwa zimeikumba, ile ya Rwakayihura ya 1928 na 1929, kisha Ruzagayura ya 1943 na 1944. Mashamba ya walowezi wa Kivu, ya kahawa, chai na pareto, yalihitaji mikono. Makumi ya maelfu ya wakulima na wafugaji, Wahutu kwa Watutsi, waliletwa katika ardhi ya Wahunde. Gishari, sehemu ya Masisi, ikafanywa uchifu wa Wanyarwanda, chini ya chifu Mtutsi.

Hapa pana dhuluma mbili, na anayesimulia moja akaificha nyingine hasemi kweli. Wahunde walimegewa nchi yao na serikali ambayo makubaliano nayo hayakuwa ya hiari, na kufikia uhuru walikuwa wachache katika milima yao wenyewe. Ndiyo maana Gishari ilipofutwa mwaka 1957 wao waliona haki imerudi. Wahamiaji nao hawakuchagua mpango uliowaleta, na mara uchifu ulipofutwa walijikuta wakilima ardhi isiyo na mwami wa kuwatetea. Watoto wao, waliozaliwa Masisi, waliambiwa ni wageni. Vita ya miaka ya 1963 hadi 1965, ile iliyoitwa Kanyarwanda, ilianzia hapo.

Kisha serikali ikacheza na tarehe. Sheria ya Januari 1972 iliwapa uraia waliotoka Rwanda na Burundi wakakaa Kivu kabla ya 1950. Ile ya 1981 ikauondoa. Wakurdi wa Syria wanaujua vizuri mchezo huo: Oktoba 1962 serikali ilifanya sensa ya siku moja katika mkoa wa Hasakah, na aliyeshindwa kuthibitisha kwamba aliishi humo tangu kabla ya 1945 akapoteza uraia. Watu wapatao 120,000 waliamka wakiwa si wa nchi yoyote. Wao pia walikatwa na mipaka iliyopangwa baada ya Vita Kuu ya Kwanza, na wao pia huulizwa asili yao: wengi wanajihesabu kizazi cha Wamedi wa kale, ingawa wataalamu wa lugha wanauona ukoo huo kuwa mgumu kuthibitisha.

Jinsi majina ya makabila yanavyobadilika kwa haraka, Masisi imetuonyesha kwa damu. Machi 1993, mauaji yalipoanza katika soko la Ntoto, Walikale, Mhutu na Mtutsi waliwindwa pamoja, kwa jina moja la Wanyarwanda. Mwaka uliofuata wakimbizi wa Rwanda walimiminika Kivu, na miongoni mwao waliotenda mauaji ya kimbari ya Watutsi. Kufikia Mei 1996, watu waliokimbilia monasteri ya Mokoto, Masisi, waliuawa kwa kuwa Watutsi. Miaka mitatu tu ilitosha kulipasua jina ambalo watu walikuwa wameuawa nalo.

Sheria ya Novemba 2004 iliacha mwaka 1885 na kuutambua uraia wa kila kabila ambalo watu wake na ardhi yake vilikuwa sehemu ya Kongo wakati wa uhuru, mwaka 1960. Ni hatua kubwa. Lakini sheria ya uraia haisemi ni nani mwenye shamba chini ya mwami, wala haiwafikii waliotoroka Masisi mwaka 1996 wakapokewa katika kambi ya Kiziba, Rwanda. Huko wamezaliwa Wakongo ambao sasa wana watoto wao wenyewe, na ambao hawajawahi kuikanyaga Kongo.