Kibali cha ukuta mmoja

Wadau, nimekuwa kimya kidogo. Majaribio yalitubana, bumu nalo likachelewa, ila hii siwezi kuiacha ipite.

Mnaukumbuka mpango wetu wa kumulika picha za wapigania uhuru wa kusini mwa Afrika kwenye ukuta mmoja mjini, usiku? Si Kamati ya Ukombozi ya OAU ilikaa hapa hapa Dar, kuanzia 1963 hadi 1994? Basi, barua ya kuomba kibali tulipeleka, na juzi nikaitwa. Nikamwamkia mzee wa pale, akaisoma barua taratibu, kisha akauliza: "Kijana, hiyo mashine yenu inageuka?" Nikacheka. Yeye hakucheka.

Niko kwenye daladala ndio nikakumbuka London, 1985. Kumbe mzee kauliza swali la historia!

Kuna msanii anaitwa Krzysztof Wodiczko, mzaliwa wa Warsaw, kazi yake ni kumulika mapicha makubwa kwenye minara na majengo ya wakubwa. Mwaka ule alikuwa na kibali cha kumulika mnara wa Nelson, pale Trafalgar Square. Sasa, kando ya uwanja huo ndipo ulipo ubalozi wa Afrika Kusini. Julai ile ile P.W. Botha alikuwa ametangaza hali ya hatari, watu wanasombwa ndani bila kesi, na serikali ya Thatcher haitaki kusikia habari za vikwazo vikali. Usiku mmoja wa Agosti jamaa akageuza projekta moja. Juu ya nguzo za ubalozi, kwenye ile pembetatu ya mawe, ikatokea swastika, alama ya Wanazi. Ilikaa kama saa mbili hivi, polisi wakaja kuizimisha. Ukuta ukabaki safi kama ulivyokuwa, hakuna hata tone la rangi. Zilizobaki ni picha tu.

Rafiki yangu wa sheria anasema ule ni udanganyifu, aliomba hiki akafanya kile. Kweli. Lakini angeandika ukweli kwenye fomu, nani angempigia muhuri? Mimi hapo nasimama naye.

Ila kibali kamili nacho kina mambo yake. Mwaka 1988 huyo huyo alimulika ukuta wa jumba la makumbusho la Hirshhorn, Washington, kwa ridhaa ya wenyewe: mkono mmoja umeshika mshumaa, mwingine bastola. Februari 2018 wakairudia. Katikati ya maonyesho, watu 17 wakauawa kwa risasi shuleni kule Parkland, Florida. Jumba lenyewe likaahirisha. Ukuta ule ule, picha ile ile, ila siku imebadilika.

Basi nilimjibu mzee, "Inageuka, mzee wangu." Akaandika kitu kwenye faili, akaniambia nilete mchoro unaoonyesha mwanga unaanzia wapi na kuishia wapi. Nimekaa nao tangu asubuhi. Upande wa kushoto wa ukuta wetu kuna jengo ambalo sijalichora bado.