Pembe ya Nne: Sheria ya Ndoa Katika Riwaya za Penzi la Watu Watatu

Wasomaji wengi huzichukulia riwaya za penzi la watu watatu kuwa ni habari za moyo. Yupo mke, yupo mume, yupo na hawara. Tukishafunga kitabu tunaulizana nani alikosea. Swali hilo si baya, lakini halitufikishi mbali. Katika makala haya nakusudia kuonyesha kwamba riwaya tatu mashuhuri za mkondo huu, yaani *Madame Bovary* ya Gustave Flaubert, *Anna Karenina* ya Leo Tolstoy na *Effi Briest* ya Theodor Fontane, ni kumbukumbu za historia ya sheria kama zilivyo kumbukumbu za mapenzi. Pembetatu ya kila moja ina pembe ya nne, nayo ni sheria ya ndoa ya nchi ile pamoja na jamii iliyoisimamia. Katika riwaya zote tatu mwanamke anakufa. Tukitaka kujua kwa nini anakufa, hatuna budi kuitazama pembe hiyo.

Tuanze na Ufaransa. Mapinduzi yaliyoanza mwaka 1789 yaliruhusu talaka mwezi Septemba 1792. Napoleon aliibana katika Kanuni ya Madai ya mwaka 1804, na wafalme waliporudi madarakani wakaifuta kabisa mwaka 1816. Haikurejeshwa hadi mwaka 1884. Kwa miaka 68, wanandoa wa Kifaransa walioshindwana waliweza kutenganishwa na mahakama, lakini hawakuruhusiwa kuoa wala kuolewa tena. Wakati huohuo, Kanuni ya Adhabu ya mwaka 1810 ilimtaka mke aliyepatikana na hatia ya ugoni afungwe gerezani kati ya miezi 3 na miaka 2. Mume hakuwa na kosa lolote isipokuwa alipomweka kimada ndani ya nyumba ya ndoa, na hata hapo adhabu yake ilikuwa faini ya faranga 100 hadi 2,000. Mume aliyemfumania mkewe nyumbani mwake na kumuua papo hapo, pamoja na mgoni wake, alipewa udhuru na sheria. Ilipofika mwaka 1975 ndipo Ufaransa ilipovifuta vifungu hivyo.

Katika mazingira hayo ndimo anamoishi Emma Bovary, mke wa tabibu wa kijijini. Wengi hukumbuka kwamba Emma alikuwa na wapenzi wawili, Rodolphe na Léon. Wachache hukumbuka kwamba hakufa kwa sababu ya fumanizi. Charles, mumewe, hakujua lolote hadi mkewe alipokwisha kuzikwa. Kilichomfikisha Emma kwenye sumu ya aseniki ni deni. Mke wa Kifaransa wa zama zile hakuweza kufunga mkataba bila idhini ya mume. Mfanyabiashara Lheureux alilijua hilo, akamshauri Emma apate kwa Charles hati ya kumwakilisha katika mambo ya fedha. Kuanzia hapo kila nguo na kila safari ikawa hati ya deni, hata mahakama ikaamuru zilipwe faranga 8,000. Emma alipokwenda kwa Rodolphe kuomba msaada, Rodolphe alisema hana. Baada ya mazishi Rodolphe aliendelea kulala salama katika jumba lake, na Léon akaoa. Aliyebeba mzigo ni Berthe, bintiye Emma, aliyeishia kufanya kazi katika kiwanda cha pamba.

Riwaya hiyo ilitoka kwanza kwa mfululizo katika jarida la *Revue de Paris* mwishoni mwa mwaka 1856. Januari 1857 Flaubert alifikishwa mahakamani kwa kosa la kuchafua maadili na dini. Mwendesha mashtaka, Ernest Pinard, alilalamika kwamba ndani ya kitabu hakuna mhusika hata mmoja anayestahili kumhukumu mwanamke huyu. Wakili wa utetezi, Jules Sénard, alijibu kwamba kitabu kinafundisha wema kwa kuonyesha ubaya wa uovu, na ushahidi wake mkubwa ulikuwa mwisho wa kutisha wa Emma. Mwezi Februari mahakama ilimwachia Flaubert huru. Tuutafakari utetezi huo. Maana yake ni kwamba kifo cha mwanamke kilikuwa kibali cha kitabu kusomwa. Mwandishi aliruhusiwa kueleza habari za mke aliyetoka nje ya ndoa, ilimradi mwishoni alipe kwa uhai wake.

Tukienda Urusi, tunakuta mlango wa talaka upo, lakini funguo zake ziko mikononi mwa Kanisa. Ili ndoa ivunjwe kwa sababu ya ugoni, tendo lenyewe lilipaswa kuthibitishwa na watu walioliona kwa macho, na aliyekutwa na hatia alizuiwa kufunga ndoa nyingine. Tolstoy, aliyeichapisha *Anna Karenina* kwa mfululizo kuanzia mwaka 1875 hadi 1877, aliijua sheria hii vizuri. Ndiyo maana ametuandikia tukio refu la Karenin ofisini kwa wakili wa Petersburg, akielezwa aina za talaka na ushahidi unaotakiwa. Anna anapata mtoto wa kike na Vronsky, lakini kwa kuwa ndoa ya kwanza haijavunjwa, kisheria mtoto huyo ni wa Karenin. Vronsky analalamikia jambo hilo kwa uchungu: hata wakizaa watoto kumi, wote wataitwa kwa jina la mtu mwingine. Anna anapokufa chini ya gari moshi, Karenin anamchukua yule binti. Sheria ilikuwa imekwisha kusema ni wake.

Wanafunzi wangu wakiniuliza kama Tolstoy alimwadhibu Anna kwa sababu ya dhambi yake, huwaomba warudi kwenye kurasa za mwanzo. Riwaya haianzi na Anna. Inaanza na kaka yake, Stiva Oblonsky, aliyekutwa na uhusiano na mwalimu wa watoto wake mwenyewe. Anna ndiye anayesafiri hadi Moscow kuwapatanisha Stiva na mkewe Dolly, na anafaulu. Stiva hafungiwi mlango na mtu yeyote. Anaendelea kula vizuri, kukaribishwa kila mahali, na baadaye anapata cheo chenye mshahara mnono. Dada mtu anapofanya lile lile, anatukanwa hadharani kwenye jumba la michezo mbele ya watu waliokuwa wakimwalika. Waliozaliwa nyumba moja wametenda tendo moja, na hukumu zao ni mbili. Wahenga walisema mkuki kwa nguruwe, kwa binadamu mchungu. Tolstoy ameliweka jambo hili mlangoni kabisa mwa kitabu chake, na ajabu ni kwamba wasomaji wengi hulipita bila kuliona.

Mfano wa tatu ndio unaonigusa zaidi, kwa sababu una historia ya kweli nyuma yake. Katika *Effi Briest*, iliyotoka kama kitabu mwaka 1895, Effi anaozwa akiwa na miaka 17 kwa Innstetten, ofisa wa serikali ya Prusia mwenye miaka 38, ambaye zamani alimtaka mama yake. Akiwa mpweke katika mji mdogo wa pwani, anaingia katika uhusiano mfupi na Meja Crampas. Uhusiano unakwisha, miaka zaidi ya sita inapita, kisha Innstetten anazikuta barua. Anamwambia rafiki yake kwamba hana chuki, na kwamba bado anampenda mkewe. Hata hivyo anakwenda kupambana na Crampas kwa bastola na kumuua, kwa kuwa anaamini mtu wa heshima hana njia nyingine. Effi anaachwa, ananyang'anywa binti yake, na kwa muda wazazi wake wanamkatalia kurudi nyumbani. Baadaye wanampokea, naye anafia kwao akiwa bado kijana.

Fontane aliichota habari hii katika maisha ya Elisabeth von Plotho, mke wa ofisa wa jeshi Armand von Ardenne. Mwaka 1886 Ardenne alizikuta barua za mkewe na hakimu Emil Hartwich, wakapambana kwa bastola karibu na Berlin, na Hartwich akafa siku chache baadaye kwa jeraha alilolipata. Mahakama ilimhukumu Ardenne kifungo cha miaka miwili, lakini alikitumikia kwa siku chache tu, kisha akaendelea kupanda vyeo jeshini. Ndoa ilivunjwa mwaka 1887 na watoto wawili wakabaki kwa baba. Hadi hapo riwaya na historia zinakwenda pamoja.

Lakini Elisabeth hakufa. Alisomea uuguzi, akahudumia wagonjwa kwa miaka mingi, na baada ya muda mrefu akaonana tena na watoto wake. Alifariki mwaka 1952 akiwa na umri wa miaka 98, baada ya kuishi kupita dola ya Kaisari iliyomhukumu, vita viwili vya dunia, mume wake na Fontane mwenyewe. Mjukuu wake, Manfred von Ardenne, alikuja kuwa mwanafizikia mashuhuri.

Kwa maoni yangu, pengo kati ya Effi na Elisabeth ndilo somo kubwa kuliko yote. Linatuonyesha kwamba kifo cha mwanamke katika riwaya hizi hakikuwa matokeo ya lazima ya mapenzi. Mwanamke aliyepata kazi, mshahara na mahali pa kulala aliweza kuishi, hata baada ya kunyang'anywa jina na watoto. Fontane alimhurumia sana Effi, na huruma hiyo inaonekana katika kila ukurasa. Hata hivyo alimpa mwisho uliozoeleka, ule ule ambao Sénard aliutumia kama kinga mahakamani miaka karibu 40 kabla yake.

Mambo haya hayako mbali nasi kama yanavyoonekana. Nchini Uingereza mume aliweza kumdai fedha mwanamume aliyezini na mkewe. Mwaka 1836 George Norton alimdai Waziri Mkuu, Lord Melbourne, pauni 10,000 kwa madai hayo akashindwa, lakini alibaki na watoto watatu aliozaa na mkewe Caroline, ambaye hakuwa na nafasi ya kujitetea katika kesi iliyohusu jina lake. Sheria ya talaka ya mwaka 1857 ilimtosheleza mume kwa ushahidi wa ugoni peke yake, ilhali mke alitakiwa kuongeza ukatili, kutelekezwa au kosa jingine. Usawa ulikuja mwaka 1923. Uingereza iliyafuta madai ya fidia ya ugoni kwa sheria ya mwaka 1970. Sisi Tanzania, ambao mila zetu nyingi nazo zilikuwa na fidia ya namna hiyo, tuliiingiza katika Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971, kwa tofauti moja ya maana: tulimpa haki hiyo mke sawasawa na mume. Sheria hiyohiyo iliruhusu talaka pale mahakama inaporidhika kwamba ndoa imevunjika kiasi cha kutorekebishika.

Hata hivyo sheria kwenye karatasi ni jambo moja, na macho ya jirani ni jambo jingine. Habari za fumanizi katika magazeti yetu na simu zetu bado huonyesha uso wa mwanamke kwanza. Ndiyo maana nawashauri wanaosoma riwaya hizi, na wanaosoma magazeti, waulize maswali matatu kabla ya kumhukumu mtu: nani alishika fedha, watoto waliitwa kwa jina la nani, na kesho yake nani alikaribishwa tena mezani. Majibu yatawaeleza ni nani aliyekuwa na hiari ya kuondoka na nani hakuwa nayo.