Kutoka Ujiji hadi Mtandaoni: Njia za Burudani katika Mwambao wa Ziwa Tanganyika

Historia ya burudani katika Kigoma na Ujiji haitenganishiki na historia ya njia. Katika karne ya 19, Kiswahili kilifika Ujiji pamoja na misafara ya biashara kutoka pwani, kikavuka ziwa hadi Manyema, katika Kongo ya leo. Mwaka 1914 reli ya kati iliwasili Kigoma, na nyimbo zikapata kusafiri pamoja na abiria. Kila njia mpya imezua upya swali moja la msingi: ni nani aamuaye sauti ipi isikike, na kwa lugha gani?

Baada ya uhuru, uamuzi huo ulikuwa Dar es Salaam. Kwa kuwa nchi haikuwa na tasnia imara ya santuri, Redio Tanzania ndiyo iliyorekodi bendi za muziki wa dansi na kuzitangaza nchini kote. Kiswahili kilistawi kwa utaratibu huo. Hata hivyo, lugha kama Kiha zilibaki pembezoni mwa muziki wa kitaifa. Sheria ya Huduma za Utangazaji ya mwaka 1993 iliruhusu vituo binafsi, lakini studio na vituo vikubwa viliendelea kuwa Dar es Salaam. Msanii wa Kigoma aliyetaka kusikika hakuwa na budi kusafiri zaidi ya kilomita 1,200 kwa reli.

Teknolojia ya dijitali ililegeza ufungamano huo. Kompyuta ilipunguza gharama za kurekodi. Mwaka 2009 mkongo wa baharini wa SEACOM ulifika Dar es Salaam, na katika miaka iliyofuata simu ya mkononi ikawa redio, televisheni na maktaba ya nyimbo kwa wakati mmoja.

Mfano ulio wazi ni wimbo “Leka Dutigite” wa mwaka 2012, ulioimbwa na kundi la Kigoma All Stars, wakiwamo Diamond Platnumz, Mwasiti na Linex. Wasanii hawa walikuwa wamekwisha kujulikana kwa nyimbo za Kiswahili, lakini hapa walijitambulisha kwa asili yao, na jina la wimbo wakalitoa katika Kiha. Mwanaisimu ataona katika jina hilo kiambishi cha nafsi ya kwanza wingi, ambacho Kiswahili hukitamka tu-, kikisikika du- mbele ya konsonanti isiyo ghuna, kama ilivyo katika Kirundi. Kanuni ya kifonolojia ya mwambao wa ziwa ikaingia vinywani mwa vijana wasiojua Kiha. Misafara iliyaleta maneno ya pwani ziwani. Hapa neno la ziwani lilishika njia ya kurudi.

Hata hivyo, tusiharakishe kusema kwamba pembezoni pamekuwa kitovu. Wasanii hao walijijengea jina Dar es Salaam, na majukwaa makubwa ya mtandaoni, kama vile YouTube, yanamilikiwa na makampuni ya ng’ambo. Zaidi ya hayo, kuna suala la kumbukumbu. Redio Tanzania, pamoja na mipaka yake yote, ilituachia kanda ambazo mtafiti anaweza kuziomba na kuzisikiliza. Wimbo uliorekodiwa Ujiji na kusambazwa kwa kadi za simu hauna mtunzaji. Kadi ikiharibika au akaunti ikifungwa, wimbo hupotea, na ushahidi wa namna Kiswahili kilivyokutana na Kiha hupotea nao.

Kwa hiyo wajibu wa taaluma yetu umebadilika. Wazee wetu walikusanya tenzi zilizoandikwa kwa hati za Kiarabu kabla hazijaliwa na mchwa, na kwa juhudi hizo tunazisoma leo. Kizazi hiki kina hati zake, nazo ni faili za sauti. Mwanafunzi aendaye Kigoma na azikusanye, aandike tarehe, mahali na lugha zilizotumika, kisha azihifadhi chuoni. Asipofanya hivyo, mtafiti wa kesho atazijua nyimbo za bendi za miaka ya 1970 kuliko zile zilizoimbwa mwambaoni katika zama zetu.